Viti Kumi na Viwili vya Ukumbi wa Johari

Kiti kilikuwa chekundu, cha mahameli, na miguu yake ilichongwa mfano wa makucha ya simba. Kilikuwa nyuma ya mizani katika duka la Mzee Halfani, Katesh, na Mzee Halfani mwenyewe alikuwa amekikalia bila wasiwasi wowote.

Sajini Ignasi Margwe wa upelelezi alikitazama kwanza, akasalimu baadaye. Alijua hiyo si adabu. Lakini alikuwa ametoka Dar es Salaam siku nne zilizopita, kwa treni, kwa basi, kisha kwa lori la Marko lililojaa magunia matupu, na vumbi lilikuwa limemwingia hadi masikioni. Kiti hicho ndicho kitu cha kwanza kufanana na orodha iliyokuwa mfukoni mwake.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Karibu, bwana askari."

Ignasi alikuwa amevaa kiraia. "Nani amekwambia mimi ni askari?"

"Viatu vyako."

Sajini aliviangalia viatu vyake. "Kiti kizuri, mzee. Ni chako?"

"Si changu."

"Ni cha nani?"

Mzee Halfani alimgeukia mwanamke aliyesubiri upande wa pili wa meza. "Ulisema ratili moja ya sukari, mama, au mbili?"

Alipima sukari taratibu, akaifunga kwenye karatasi, akaipokea hela yake na kumuaga mteja. Kisha akatulia kitini na kumtazama mgeni kwa upole, kama mtu aliyekwisha maliza mazungumzo.

Orodha ya Ignasi ilikuwa fupi: kinanda kimoja, pazia moja la mahameli lenye nyuzi za dhahabu ukingoni, na viti vyekundu kumi na viwili. Vyote vilikuwa mali ya Ukumbi wa Johari, na Ukumbi wa Johari haukuwepo tena. Mwezi wa Aprili mwaka huo wa 1954 walikuja watu wenye nyundo na mitaimbo, wakaubomoa kwa siku sita, na mwenye kiwanja kipya akaanza kuchimba shimo la tangi la petroli pale palipokuwa jukwaa. Watu wa Dar es Salaam walisimama ng'ambo ya barabara wakiangalia. Wengine walilia, na hawakuona haya.

Ukumbi ulijengwa mwaka 1927 na tajiri mmoja Mwarabu, ambaye alipofariki aliuacha mikononi mwa mjane wake, Bi Saumu. Yeye ndiye aliyeufanya ujulikane. Michezo ya pale iliimbwa mwanzo hadi mwisho, na Bi Saumu aliimba mbele kabisa. Zamani kulikuwa na kamba iliyotenga wenye viti na wenye kusimama. Mwaka aliorithi, Bi Saumu aliikata kamba hiyo kwa kisu cha jikoni mbele ya watu wote. Aliendelea kuimba hadi pumzi ikamwisha, akafariki Januari. Mpwa wa marehemu mumewe, kwa jina Yahaya, akauza kiwanja kabla arobaini haijafika.

Yahaya huyo ndiye aliyeshitaki. Aliapa kwamba siku moja baada ya mazishi aliingia ukumbini akaona kinanda, pazia na viti kumi na viwili, na kwamba wabomoaji walipofika Aprili, vitu hivyo havikuwepo. Aliyekuwa na funguo ni mtu mmoja tu: Hasani, mwangalizi wa jukwaa kwa miaka ishirini na sita, mzaliwa wa Katesh. Hasani sasa alikuwa mahabusu, ana miaka sitini na minne na kikohozi kisichoisha. Kesi ingesikilizwa baada ya siku kumi na moja. Akipatikana na hatia ni miaka mitano, na mganga wa gereza alisema wazi kwamba mzee huyo hataimaliza.

Utetezi wa Hasani ulikuwa sentensi moja. "Bi Saumu alinipa niviweke." Aliweka wapi, kwa nani, hakutaja hata alipofokewa. Chumbani kwake kulipatikana barua isiyo na jina wala tarehe, yenye muhuri wa posta wa Mbulu uliofutika nusu: *Tunawasalimu. Wote wazima.* Inspekta alisema hizo ni lugha za wezi. Akampa Ignasi amri tatu: avikamate vitu, amlete kila aliyenavyo, na asimwambie mtu yeyote kwamba mshitakiwa yuko ndani, wasije wakatunga maneno.

Kulikuwa na jambo moja ambalo Ignasi hakuliandika katika jalada. Mwaka 1936, askari mpya kutoka Bashay, asiyejua hata njia ya kurudi kambini, alipangiwa zamu kwenye mlango wa Johari. Hasani alimletea chai, akamsogeza ndani mahali anapoweza kuona jukwaa huku akilinda. Katika jiji lile zima, hicho ndicho kitu cha kwanza ambacho hakikumfanya ajione mjinga, na hadi leo alishukuru.

"Mzee Halfani," alisema, "umewahi kufika Ukumbi wa Johari?"

Uso wa mzee ulifunguka. "Mara moja. Mwaka thelathini na nane, nilikwenda kununua khanga za jumla. Hasani ni binamu yangu, akaniingiza. Nimevaa makubadhi ya ngozi ya ng'ombe, nikajua nitatolewa. Hasani akaniketisha safu ya tatu! Ulikuwa mchezo wa kadhi aliyempenda mke wa mwashi. Mwashi anajenga ukuta huku anaimba, kadhi anaimba upande wa pili, ukuta unapanda, na Bi Saumu yuko katikati anawajibu wote wawili. Nilicheka hadi nikaumwa mbavu. Mpaka leo nikipima chumvi nauimba ule wimbo wa mwashi."

"Na kiti hiki ni cha safu ya tatu?"

Uso ulifungwa tena. "Si changu," alisema Mzee Halfani.

Ignasi alitoka nje akiwa na hasira ya mtu anayedanganywa na mtu mwema. Marko, dereva, alikuwa amejilaza juu ya magunia yake. Soko lilikuwa limechangamka, na kati ya watu alipita mwanamke wa Kibarbaig mwenye vazi la ngozi lililoshonwa shanga. Chini ya shanga, pindoni, zilining'inia nyuzi za dhahabu.

Ignasi alimfuata kwa heshima, akasalimu, akasifu vazi. Mwanamke alisema alilishona mwenyewe. Nyuzi alizipata wapi? Nyumbani. Nyumbani wapi? Basotu, kwa Gidabuday. Halafu akakaza mwendo, na sajini akarudi kumwamsha Marko.

* * *

Gidabuday alikuwa mzee mrefu, mwenye fimbo ndefu kuliko yeye. Aliwapokea nje ya boma lake, upande ambao ziwa la Basotu linaonekana, akawapa vigoda na maziwa. Salamu zilichukua muda. Ignasi alizikatisha mapema kuliko ilivyopasa.

"Mzee, natafuta pazia jekundu."

"Tafuta."

"Liko hapa?"

"Mimi sina pazia."

"Nyuzi zake ziko kwenye vazi la mkeo."

"Vazi ni lake. Kamwulize."

"Nimemwuliza. Amesema kwa Gidabuday."

"Basi umejibiwa," alisema Gidabuday, akamwongezea maziwa.

Marko alicheka pembeni. Ignasi akatoa daftari, akaandika saa na mahali, akauliza maswali kama alivyofundishwa, moja baada ya moja. Pazia lililetwa lini? Na nani? Kwa gari gani? Kila swali lilirudi kama lilivyokwenda. Mzee hakukasirika wala hakuogopa, na hilo lilimsumbua sajini zaidi. Mtu anayeficha mali ya wizi hujitetea sana au husahau kila kitu. Huyu alikuwa anamsubiri tu, kama mwalimu anayemsubiri mtoto wa darasa la kwanza aanze upya.

Ng'ombe walikuwa wanarudi kunywa maji. Mmoja alikuwa jike jeupe, na masikio yake yamekatwa kwa namna tofauti na ya wenzake. Ignasi alisema bila kufikiri, kwa sauti ya nyumbani kwao:

"Huyu ni wa kuwekewa. Anatoa maziwa vizuri?"

Gidabuday aligeuka, akamtazama kwa mara ya kwanza. "Anatoa vizuri. Mwaka huu amezaa jike. Wewe ni wa wapi?"

"Bashay."

"Na baba yako aliweka ng'ombe wapi?"

"Wawili Dongobesh. Mmoja..." Mmoja alikuwa huku huku Basotu. Alikuwa na miaka minane alipoletwa kumwona.

Akaona haya. Miaka kumi na minane ya mjini ilikuwa imemfuta jambo ambalo kila mtu wa nchi ile analijua. Mwenye ng'ombe ishirini hakai nao wote. Watano huwaweka kwa rafiki upande wa ziwa, wanne kwa shemeji mlimani, wawili kwa mtu ambaye hata jirani hawamjui, ili ugonjwa ukiingia boma moja usimalize mali yote. Aliyewekewa hunywa maziwa. Ng'ombe akifa, ataonyesha ngozi. Akipata jeraha au doa, aliyewekewa atalisema kwa kinywa chake, uso kwa uso na mwenyewe. Na mgeni akija kuuliza ng'ombe ni wa nani, hajibiwi zaidi ya kwamba si wangu. Tangu serikali ianze kuhesabu ng'ombe na kuwapunguza, jibu hilo lilikuwa limezidi kuwa fupi.

Hakuna aliyemdanganya. Yeye ndiye aliyekuwa akiuliza kama bwana mifugo.

Anayeweza kuulizia mali iliyowekwa ni mwenyewe tu, au aliyetumwa naye. Ignasi alifunga daftari. Akaivunja amri ya tatu ya Inspekta, na hakujuta.

"Mzee, nimekosea tangu mwanzo. Nilipotoka Dar es Salaam nilimwona Hasani. Aliniambia, ukifika kwetu, wasalimie. Nikazibeba salamu zake siku nne bila kuzifikisha, kwa sababu yuko mahabusu na mimi ni askari. Anasema anawasalimu."

Gidabuday alisimama. "Hasani amefungwa?"

"Bado. Siku kumi na moja zimebaki. Wanasema aliiba."

"Aliiba nini?"

"Hilo pazia."

Mzee aliinama, akaingia nyumbani, na sajini akamfuata. Pazia lilikuwa limetundikwa katikati ya nyumba, limetenga upande wa kulala. Lilikuwa limepigwa brashi hadi linang'aa. Ukingo mmoja tu ulipungua nyuzi.

"Nyuzi ndiyo maziwa yake," alisema Gidabuday. "Kidogo kidogo tu. Mwambie Hasani halijaliwa na panya wala moshi."

Halafu akaeleza, na safari hii hakuhitaji kuulizwa. Agosti iliyopita, kabla serikali haijaja kuhesabu ng'ombe, lori lilifika Gitting na vitu vyote, na Bi Saumu mwenyewe amekaa mbele. Alikuwa amedhoofika, mguu wa kushoto umevimba, anatembelea bakora. Watu waliitwa. Alizungumza akiwa amekaa.

"Alisema nini? Maneno yenyewe, mzee."

"Alisema: 'Nilikuja kwenu sina nguvu ya kushika kikombe, mkanishikia. Nyumba yangu wataivunja nikifa. Vitu hivi vikae kwenu, na mwenyewe baada yangu ni Hasani.' Halafu akaimba, akiwa amekaa hivyo hivyo. Alipumzika mara tatu katikati."

Ignasi aliandika kila neno. "Alikuja kwenu lini mara ya kwanza?"

"Nenda kwa Kornelia, Gitting. Huyo ndiye aliyekishika hicho kikombe."

* * *

Kesho yake asubuhi, njiani kupanda Gitting, Marko alitaka kujua kama kesi imekwisha. Ignasi alimwambia kesi haijaanza. Neno la Gidabuday lingepokewa vipi mahakamani? Wakili angesema: ni rafiki wa mshitakiwa, ana mali nyumbani kwake, na vitu vimetawanywa sehemu tatu katika wilaya ya mbali. Huko pwani, anayetawanya vitu ni anayevificha. Alihitaji shahidi wa pili asiyezungumza na wa kwanza, na zaidi ya hapo alihitaji kitu ambacho hakimu angeweza kukishika.

Safari hii alisalimu vizuri.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Mmeamkaje huko mlikotoka?"

"Tumeamka salama. Nimetumwa na Hasani. Anawasalimu, na ana matatizo."

Kornelia alikuwa mwanamke wa miaka sitini hivi, mfupi, mwenye mikono mipana. Alisikiliza habari za mahabusu hadi mwisho bila kumkatiza, kisha akafanya ishara ya msalaba na kumwingiza ndani.

Kinanda kilikuwa kimeinuliwa juu ya mawe manne ili mchwa wasipande, kimefunikwa ngozi ya ng'ombe. Ignasi alifunua na kubonyeza kidude kimoja. Sauti ilitoka safi. Ukutani viti vyekundu vilikuwa vimepangwa kumi na kimoja, na kila kimoja kimefunikwa ngozi ya mbuzi iliyoshuka hadi sakafuni. Alipopiga hatua kuelekea huko, Kornelia alisimama mbele yake.

"Hivyo viko kumi na kimoja. Cha Halfani ndicho cha kumi na mbili."

"Nataka kuviangalia, mama."

"Umeviona."

Alisema kwa adabu, lakini hakusogea. Ignasi aliliandika hilo. Akarudi kwenye kinanda, akamwuliza siku ile ya Agosti, bila kumdokezea chochote alichosikia Basotu. Kornelia alitaja bakora. Alitaja mguu uliovimba, wa kushoto. Alisema Bi Saumu aliimba amekaa, akapumzika mara tatu. Na maneno ya kuviweka aliyarudia karibu kama Gidabuday, pamoja na kile kikombe.

"Kikombe gani, mama?"

"Kikombe cha uji." Kornelia alitabasamu. "Mwaka wa arobaini na tatu, wakati wa vita. Kundi lake lilikuwa linapita kwenda Singida kuwaimbia askari, watu kumi na saba. Mvua ikakata barabara, gari likazama pale chini. Bi Saumu ana homa, hajitambui. Nikasema mleteni. Alikaa hapa wiki nne. Nilimnywesha uji kwa kijiko kama mtoto. Wenzake tuliwagawana, kila nyumba wawili watatu, na mwaka ule chakula chenyewe kilikuwa kidogo. Hasani alikuwa kwa mume wangu, anachunga mbuzi. Hajui kuchunga!" Alicheka. "Jioni walikuwa wanatuimbia. Mchezo mzima, na wale watu kumi na saba, hapo uani. Watu walitoka mpaka Basotu. Mimi sijafika Dar es Salaam, mwanangu, lakini Johari nimeiona. Ilikuja kwangu. Mpaka leo nikilala nasema asante kwa ajili ya wiki zile nne."

Ignasi alikubali moyoni kwamba yeye pia hakuwa na la kusema kuhusu Johari isipokuwa asante. Lakini mkono wake uliendelea kuandika. Mashahidi wawili, vijiji viwili, mambo manne yanayolingana. Ilikuwa vizuri, ila haikutosha. Na bado kulikuwa na zile ngozi za mbuzi.

"Mama, nitakwambia ukweli. Yahaya ameapa kwamba vitu hivi vilikuwa ukumbini Januari. Nyinyi mnasema viko hapa tangu Agosti. Ni neno lenu na neno lake. Yeye ana wakili. Na mimi nina amri ya kuvichukua vyote."

"Vikienda, Yahaya atavichukua?"

"Huenda."

Kornelia aliketi juu ya kigoda. Alikuwa mtu ambaye mwaka jana serikali ilimwuliza kuhusu ng'ombe, akanyamaza, na jirani yake aliyesema akapunguziwa saba. Kuviachia vitu vya watu mikononi mwa askari lilikuwa jambo ambalo hajawahi kulifanya maishani mwake.

"Hakimu akiviona," aliuliza, "Hasani atatoka?"

"Sijui, mama. Labda adhabu itapungua."

Kornelia aliinuka. "Vichukue. Vitu na viende. Sisi tunamtaka mtu."

Alitoka uani akaita. Wakaja wakwe zake na majirani, wanaume wanane kwa ajili ya kinanda. Hakuna aliyeuliza mara mbili. Walipoambiwa ni kwa ajili ya Hasani, walibeba. Mwanamke mmoja alikifuta kila kiti kwa upande wa khanga yake kabla hakijapandishwa. Ignasi alisimama akiangalia, na alijiona mdogo sana.

Marko alikuwa juu ya lori akivipokea viti na kuvipanga, miguu juu. Alipofika cha nne alisita.

"Sajini. Hiki kimeungua."

Ignasi alipanda. Upande wa ndani wa mguu wa nyuma, mbao ilikuwa imechomwa nyeusi, kwa kina cha robo inchi. Haikuwa ajali ya moto. Ilikuwa herufi G, na chini yake 53. Alikigeuza cha tatu, cha pili, cha kwanza. Vyote vilikuwa na alama hiyo hiyo, mahali pale pale.

Alipogeuka, Kornelia alikuwa amejifunika uso kwa khanga.

"Usiandike hiyo, mwanangu. Nakuomba."

"Ni nini hii, mama?"

"Ni aibu yangu. Nilitaka kumwambia Hasani mwenyewe. Halfani alipoandika barua kwamba wote wazima, nilinyamaza."

"Nani alivichoma?"

"Watu wa bwana mifugo! Walipokuja kuhesabu, Septemba, wakaazima viti. Ningewanyima vipi? Nikaenda kisimani. Nimerudi, nakuta wamevipiga chapa, vyote kumi na kimoja, kwa kile chuma cha ng'ombe. Eti visichanganyike na viti vya boma la serikali vilivyokuja na lori lao. Vitu vya watu, nimewekewa mwezi mmoja tu, tayari vina doa!" Alikuwa analia sasa. "Ndiyo maana nikavivalisha ngozi."

Ignasi alikaa juu ya gunia. "Septemba mwaka jana."

"Ndiyo."

"G ni Gitting."

"Kila zizi lina herufi yake. Na kila mwaka vyuma vipya, vya zamani vinarudishwa Mbulu, vinafungiwa bomani. Ili watu wasijipigie."

Sajini alianza kucheka. Alicheka hadi Marko akadhani jua limemwingia. Kisha akashuka, akamshika yule mama mikono yote miwili, na safari hii hakujali kama ilikuwa katika taratibu za kazi.

"Mama, nisikilize. Yahaya ameapa mbele ya polisi kwamba Januari mwaka huu aliviona viti kumi na viwili Dar es Salaam. Septemba mwaka jana, viti kumi na kimoja vilikuwa hapa Gitting, na serikali yenyewe ilikuwa imevikalia. Chapa ni ya serikali. Chuma kiko bomani Mbulu, na daftari la bwana mifugo lina tarehe. Bi Saumu alikuwa hai, anaimba ukumbini hadi Desemba. Angekosaje kuona kwamba kinanda chake hakipo, pazia halipo, viti havipo? Aliona. Alivileta mwenyewe, kama mlivyosema."

Kornelia alishusha khanga. "Kwa hiyo hilo doa..."

"Hilo doa ndilo litakalomtoa Hasani. Ungelisema mapema, ningekuwa nimekwisha ondoka."

Watu wa uani wote wakaanza kuzungumza kwa wakati mmoja. Ignasi aliandika ukurasa mzima: alama, vipimo, mahali, majina ya waliokuwepo. Akapanga njia: Mbulu kwanza, kulinganisha chuma na mbao na kupata barua ya bwana mifugo, kisha Babati, Dodoma, treni. Kama barabara ingekubali, wangefika siku tatu kabla ya kesi. Akafunga daftari.

"Teremsheni kinanda," alisema. "Na viti. Nachukua kimoja tu cha kuonyesha. Vingine nimeviacha kwako, mama, kwa maandishi, mpaka mwenyewe avifuate."

Walivirudisha kwa kelele nyingi kuliko walivyovitoa. Lori lilipowashwa, Kornelia alitoka nyumbani amevaa blanketi jipya, ameshika kibuyu cha maziwa na viatu mkononi. Akapanda mbele bila kuombwa.

"Mama, maelezo yako nimeyaandika. Si lazima uende."

"Doa la kitu cha kuwekewa linasemwa na mwenye kuwekewa," alisema Kornelia. "Uso kwa uso. Siwezi kulituma kwa karatasi."

Marko aliondoa lori. Kiti chekundu kilikuwa nyuma, kimefungwa kamba, miguu juu. Walipofika kwenye kona ya mwisho ya Gitting, Kornelia aliuliza, macho barabarani:

"Unafikiri atanikasirikia?"

"Hasani? Sidhani, mama."

"Akasirike tu, ni haki yake," alisema. "Bora akasirikie nje."